Maswali ya Wasomaji: Manyoya ya Mbuni na Kofia za Zamani

Katika toleo lililopita tulichapisha, pamoja na makala ya historia ya mavazi, picha ya wanawake watatu wa Ulaya iliyopigwa miaka michache kabla ya Vita Kuu ya Kwanza, wote wakiwa wamevaa kofia pana zilizosheheni manyoya. Picha hiyo ndogo imeleta barua nyingi kuliko makala yenyewe, na sehemu kubwa ya barua hizo zimetoka mikoa ya Tabora na Kigoma. Nimechagua sita. Zilizouliza jambo moja nimeziunganisha, na pale swali lilipokuwa na mizizi mirefu sikuona haya kulijibu kwa urefu.

*Shikamoo mwalimu. Mwanamke aliyekaa katikati ya picha ile ana unyoya mweupe unaoanzia mbele ya kofia hadi begani. Mume wangu anasema ni manyoya ya jogoo yaliyoshonwa pamoja, mimi nasema ni mbuni. Tunaomba utuamulie, na utuambie kama ndege huyo alichinjwa kwa ajili ya kofia.* (Mama wa Ng'ambo, Tabora)

Marahaba, mama. Wewe ndiye uliyepatia, ingawa mzee naye hakukosea sana, kwa sababu kofia za bei nafuu za wakati ule zilipambwa kwa manyoya ya kuku na bata mzinga yaliyotiwa rangi. Unyoya wa picha ile ni wa mbuni, na mtu anaweza kuutambua kwa mbali. Chukueni unyoya wa bawa la jogoo wenu muutazame vizuri: uti wake umeegemea upande mmoja, na nyuzi za pembeni zimeshikana kwa vikulabu vidogo sana, kiasi kwamba ukizitenganisha kwa kidole kisha ukazipapasa, zinarudi kushikana. Ndege anayeruka anahitaji bawa lisilopitisha upepo. Mbuni haruki, kwa hiyo nyuzi zake hazina vikulabu. Kila uzi unaning'inia peke yake na kuyumba kwa pumzi ndogo, na uti wa unyoya umepita katikati ukigawa pande mbili zilizo sawa. Usawa huo hutajwa kuwa ndiyo sababu Wamisri wa kale waliufanya unyoya wa mbuni kuwa alama ya Maat, yaani haki na ukweli.

Unyoya mweupe kama ule hutoka kwenye bawa la mbuni dume, ambaye mwili wake ni mweusi na ncha za mabawa na mkia ni nyeupe. Jike ni wa rangi ya kijivu na hudhurungi, na manyoya yake yalikuwa na bei ya chini. Hata hivyo, usidhani kwamba ule uliouona ni unyoya mmoja. Mafundi wa Paris, London na New York walishona manyoya mawili au matatu mgongo kwa mgongo ili unyoya uonekane mnene, na katika miaka ya 1908 hadi 1912 hivi ulizuka mtindo wa kufunga kwa vidole, uzi kwa uzi, nyongeza kwenye kila uzi wa unyoya ili urefuke na kuinama. Kazi hiyo ilifanywa kwa ujira mdogo na wanawake na watoto wa wahamiaji ndani ya vyumba vyao finyu vya New York.

Kuhusu kuchinjwa: zamani, mbuni wa porini aliwindwa kwa farasi na kuuawa kwa ajili ya manyoya, na katika baadhi ya nchi alikaribia kutoweka. Ufugaji ulipoanza katika koloni la Rasi huko kusini mwa Afrika, kwenye miaka ya 1860, mambo yalibadilika, kwa sababu mbuni aliye hai huota manyoya mapya na aliyekufa haoti tena. Wafugaji wa kwanza walimnyonyoa ndege kama anavyonyonyolewa kuku, wakagundua kwamba mzizi wa unyoya ukijeruhiwa, unyoya unaofuata huota umepinda au haufai kabisa. Ndipo wakageukia mkasi.

Kazi yenyewe ilikwenda hivi. Ndege alikamatwa shingoni kwa fimbo ndefu yenye kulabu, akavishwa soksi kichwani, kwa sababu mbuni akiwa gizani hutulia na kuacha kupigana. Kisha alisukumwa kwenye kizimba cha mbao chenye umbo la pembetatu, kifua chake kikielekea kwenye kona. Watu walisimama nyuma na ubavuni tu, maana mbuni hupiga teke kuelekea mbele, na teke hilo linaweza kumpasua mtu tumbo. Mmoja aliinua bawa, mwingine akakata manyoya meupe, takribani ishirini na manne kwa kila bawa, akiacha kisiki cha sentimita mbili au tatu hivi ili mkasi upite juu ya sehemu ambayo bado ina damu. Miezi miwili baadaye visiki vilikuwa vimekauka, vikang'olewa kwa mkono au kwa koleo ndogo bila taabu, na unyoya mpya ukaanza safari yake. Mavuno mawili yalitenganishwa na miezi minane au tisa. Ukataji wa namna hiyo haukumuumiza ndege kuliko kumnyoa kondoo. Kung'oa unyoya ambao bado una damu ni jambo jingine kabisa, na wapo waliofanya hivyo kwa haraka ya kuwahi bei.

*Mimi ni mwanafunzi wa kidato cha nne, Kasulu. Darasani tumefundishwa dhahabu na almasi za Afrika Kusini, lakini manyoya hatukuyasikia. Je, ni kweli manyoya ya ndege yaliweza kuwa utajiri wa nchi? Na kama ni kweli, utajiri huo ulikwenda wapi?* (Mwanafunzi, Kasulu)

Ni kweli, kijana wangu, na inasikitisha kwamba habari hii haisimuliwi shuleni, kwa sababu inafundisha biashara kuliko sura nyingi za vitabu. Mwaka 1913 manyoya ya mbuni yalikuwa bidhaa ya nne kwa thamani kati ya zote zilizouzwa nje na Afrika Kusini, yakitanguliwa na dhahabu, almasi na sufu peke yake. Thamani yake ilikuwa karibu pauni milioni 3 za wakati ule.

Kitovu cha biashara hiyo kilikuwa mji wa Oudtshoorn, katika bonde kavu liitwalo Karoo Ndogo. Hali ya hewa ya ukame ilimfaa mbuni, na mito michache iliyokuwapo ilitosha kumwagilia mashamba ya alfalfa, jani la jamii ya kunde ambalo mbuni hulila kwa pupa na kustawi. Mwaka 1865 sensa ya koloni ilihesabu mbuni 80 tu waliofugwa. Mwaka 1869 mfugaji mmoja aitwaye Arthur Douglass, aliyekuwa na shamba karibu na Grahamstown, alikamilisha mashine ya kutotolea mayai ya mbuni, na tangu hapo mfugaji hakulazimika tena kusubiri dume na jike waatamie kwa siku 42 kwenye shimo la mchanga. Ukiongeza uzio wa waya na maji ya mifereji, hesabu ikapaa. Kufikia mwaka 1913 walikuwapo mbuni wapatao 776,000.

Usidhani lakini kwamba njia ilinyooka. Bei ilipanda katika miaka ya 1870 hadi watu wakaacha ngano na mizabibu wakakimbilia mbuni, kisha katikati ya miaka ya 1880 ikaanguka kwa sababu manyoya yalizidi mahitaji. Serikali ya Rasi ilihofia zaidi kwamba nchi nyingine zingeiba ufundi huo, kwa hiyo mwaka 1884 ilitoza ushuru wa pauni 100 kwa kila mbuni aliyesafirishwa nje na pauni 5 kwa kila yai. Ushuru haukusaidia sana, maana tayari baadhi ya ndege walikuwa wamevuka bahari, na kufikia mwishoni mwa miaka ya 1880 palikuwa na mashamba ya mbuni huko California. Neema ya pili ilianza mwanzoni mwa karne ya 20, wakati kofia za wanawake zilipopanuka kupita mabega, na ndiyo iliyojenga majumba ya mawe yenye minara na roshani ambayo hadi leo watalii huenda Oudtshoorn kuyatazama.

Kati ya shamba na kofia palikuwa na mlolongo mrefu wa watu. Wanunuzi wengi waliozunguka mashambani walikuwa Wayahudi waliohama kutoka Lithuania wakikimbia umaskini na mateso, na walikuwa wengi kiasi kwamba mji ule uliitwa Yerusalemu Ndogo. Waliokamata ndege, waliokata na waliopanga manyoya walikuwa zaidi wafanyakazi weusi na Makaladi, yaani watu wa asili mchanganyiko, ambao majumba yale hayakuwa yao. Upangaji wenyewe ulikuwa elimu: manyoya yaligawanywa kwa jinsia ya ndege, sehemu ya mwili, urefu, upana, rangi na uzito wa nyuzi, kama mkulima wa Urambo anavyopanga majani ya tumbaku kwa madaraja, na kosa dogo la daraja liliweza kula faida yote. Baada ya hapo masanduku yalisafirishwa London, ambako manyoya ya dunia nzima yaliuzwa kwa mnada, na kutoka hapo yakaenda kwa mafundi wa Paris na New York.

Kuna kisa kimoja ambacho kinaonyesha jinsi tamaa ilivyokuwa imepanda. Mwaka 1911 serikali ya Afrika Kusini iliituma kwa siri timu ya wataalamu, ikiongozwa na Russel Thornton, kwenda kaskazini mwa Nigeria na maeneo ya jirani yaliyotawaliwa na Wafaransa, kumtafuta mbuni wa kaskazini ambaye ilisemekana unyoya wake una nyuzi nene mara mbili. Walirudi mwaka 1912 wakiwa na ndege zaidi ya mia moja, na mpango ulikuwa kuwazalisha pamoja na mbuni wa Rasi ili kuwashinda washindani wote. Ndege walifika salama. Soko ndilo halikuwasubiri.

Mwaka 1914 bei iliporomoka, na haikupanda tena. Vita ilikatiza usafiri wa baharini na kuifanya anasa ionekane aibu. Magari yenye paa yalikuwa yameanza kuenea, na mwanamke mwenye kofia ya manyoya ya nusu mita hawezi kuingia ndani yake bila kuinama na kuivunja. Wanawake waliingia viwandani na maofisini, baadaye wakakata nywele zao fupi, na kofia kubwa iliyoshikizwa kwa pini ndefu kwenye shungi la nywele haikuwa na mahali pa kukaa. Juu ya yote hayo, mashamba yalikuwa na ndege kupita kiasi hata kabla ya bunduki ya kwanza kulia. Wafugaji waliokuwa wamekopa kwa dhamana ya mbuni wao walifilisika, wengine wakawachinja ndege kwa wingi, wengine wakafungua mageti wakawaacha waende zao. Uliuliza utajiri ulikwenda wapi. Sehemu yake ni yale majumba, na sehemu kubwa ilikuwa kwenye vitabu vya mabenki na ilifutika humo humo. Kwa maoni yangu sababu ya paa la gari hupendwa na wasimulizi kuliko inavyostahili. Wingi wa ndege ulitosha kuiangusha bei. Vita na magari viliizuia tu isiinuke.

*Nasikia yangeyange nusura waishe duniani kwa sababu ya kofia. Hapa Ujiji tunawaona kila siku ufukweni na kwenye mashamba ya mpunga. Hii ni kweli au ni maneno ya mitandaoni?* (Msomaji, Ujiji)

Ni kweli, dada, na hapa ndipo upande wa giza wa manyoya ulipo. Yangeyange hakuweza kufugwa kwa faida kama mbuni. Unyoya uliotakiwa ni ule mwembamba kama uzi wa hariri unaoota mgongoni wakati wa kuzaliana tu, kwa hiyo wawindaji walisubiri ndege wakusanyike kwenye miti ya viota, wakawaua wazazi, na makinda yakabaki yakilia hadi yakafa kwa njaa. Mauaji makubwa yalikuwa Florida, Amerika ya Kusini na sehemu za Asia. Mwaka 1903 wakia moja ya manyoya hayo iliwalipa wawindaji wa Marekani dola 32, wakati wakia ya dhahabu ilikuwa takribani dola 20. Katika minada ya London ya mwaka 1902 ziliuzwa wakia 48,240, na kwa kuwa wakia moja ilihitaji ndege wanne hivi, unaweza kukokotoa mwenyewe.

Waliosimama kuyazuia walikuwa zaidi wanawake, yaani jamii ile ile iliyokuwa ikivaa. Mwaka 1886 mtaalamu wa ndege Frank Chapman alitembea katika mitaa ya maduka ya New York akihesabu kofia: kati ya kofia 700 alizoziona, 542 zilikuwa na manyoya, na alitambua aina 40 za ndege. Mwaka 1889 Emily Williamson alianzisha karibu na Manchester, Uingereza, chama cha kulinda ndege ambacho mwaka 1904 kilipewa hati ya kifalme. Mwaka 1896 Harriet Hemenway na Minna Hall walifanya vivyo hivyo Boston. Huko Florida, mlinzi wa ndege Guy Bradley aliuawa kwa risasi mwaka 1905 alipojaribu kuwakamata wawindaji. Marekani ilipitisha sheria ya ndege wanaohama mwaka 1918, na Uingereza ikapiga marufuku uingizaji wa manyoya mwaka 1921.

Jambo ninalotaka ulione ni hili: chama cha Williamson kiliwataka wanachama wasivae unyoya wa ndege yeyote asiyechinjwa kwa ajili ya chakula, isipokuwa mbuni. Sheria ya mwaka 1921 nayo ilimwachia mbuni mlango wazi. Kwa hiyo kelele za watetezi wa ndege hazikumwangusha mfugaji wa Oudtshoorn moja kwa moja, ijapokuwa yeye mwenyewe alizilaumu sana. Yule korongo mkubwa mwenye kipara na mfuko shingoni, ambaye baadhi yenu humwita kongoti na hupatikana kwenye majalala, naye aliwindwa, kwa sababu chini ya mkia wake kuna manyoya laini kama pamba yaliyotengenezewa skafu. Siku hizi skafu za namna hiyo hutengenezwa kwa manyoya ya bata mzinga, na kongoti amebaki na majalala yake.

*Babu zetu Wanyamwezi walipeleka misafara hadi pwani. Je, walibeba manyoya ya mbuni? Na Wajerumani hawakujaribu kufuga mbuni huku?* (Msomaji, Sikonge)

Mzigo mkuu wa misafara ya Unyanyembe, yaani eneo la Tabora, ulikuwa pembe za ndovu, na kurudi walikuja na nguo, shanga na nyaya za shaba. Manyoya ya mbuni ya biashara kubwa yalipita njia nyingine kabisa, kutoka maeneo ya Kano kuvuka Sahara hadi Tripoli. Hapa kwetu manyoya yalivaliwa. Kiongozi wa msafara alitangulia mbele akiwa na vazi la kichwani la ngozi ya mbega na manyoya ya ndege, na rugaruga, yaani wapiganaji wa mtemi Mirambo, nao walijulikana kwa manyoya kichwani. Ukiniuliza, wao walikuwa na sababu nzuri zaidi ya kuvaa unyoya kuliko yule mama wa pichani: msafara wa watu mamia ulihitaji kumwona anayeongoza.

Kuhusu ufugaji, mbuni ni ndege wa mbuga zilizo wazi, kama Serengeti na Tarangire, na misitu ya miombo ya Tabora na Kigoma si makazi yake. Katika nchi jirani ya Kenya walowezi kadhaa wa maeneo ya Machakos walikusanya vifaranga vya porini na kufuga kabla ya mwaka 1914. Upande wetu, reli ilifika Tabora mwaka 1912 na Kigoma mwanzoni mwa 1914, kwa hiyo hata angekuwapo mfugaji huku, treni ingemfikia wakati mnada wa London ukikaribia kufungwa.

*Nina ekari kumi na mbili Urambo, na nimechoka na tumbaku. Nimeona kwenye simu kwamba unyoya mmoja wa mbuni unauzwa bei kubwa kwa wapambaji wa maharusi. Nataka nianze na mbuni sita. Unanishauri nini?* (Mkulima, Urambo)

Ndugu yangu, nitakujibu bila kukuficha. Kwanza ni sheria. Mbuni kwetu ni mnyamapori, na Sheria ya Uhifadhi wa Wanyamapori ya mwaka 2009 inamtaka mfugaji awe na kibali. Sheria hiyo hiyo inahesabu unyoya na yai kuwa nyara, maana yake ni kwamba hata unyoya uliouokota porini unaweza kukufikisha mahakamani ukikutwa nao bila hati. Usinunue ndege kwa mtu yeyote kabla hujaonana na afisa wanyamapori wa wilaya au ofisi ya TAWA, yaani Mamlaka ya Usimamizi wa Wanyamapori Tanzania, na kuelezwa masharti ya shamba la wanyamapori, gharama zake na mahali halali pa kupata mbegu. Anayekuambia kwamba karatasi zitafuata baadaye anakutafutia kesi.

Pili ni mfuko. Bei uliyoiona kwenye simu ni ya unyoya mmoja uliokwisha kuchaguliwa, kuoshwa, kutiwa rangi na kufika dukani. Mfugaji hauzi unyoya mmoja, anauza kwa uzito, na sehemu kubwa ya mzigo wake ni manyoya mafupi ya mwilini yanayoishia kwenye brashi za kufutia vumbi. Soko lipo: wacheza karnivali wa Rio de Janeiro, majumba ya maonyesho, wabunifu wa mavazi, na hata viwanda vya magari vinavyotumia manyoya hayo kuondoa vumbi kwenye bodi kabla ya kupaka rangi. Lakini huko Oudtshoorn kwenyewe, baada ya anguko la 1914, wafugaji walionusurika walianzisha ushirika wao mwaka 1945, wakajenga machinjio na kiwanda cha ngozi, na tangu hapo ngozi na nyama ndivyo vinavyobeba gharama za shamba. Manyoya ni nyongeza. Hata hivyo hawakusalimika: mwaka 2011 mafua ya ndege yaliingia kwenye mashamba yao, na Ulaya ikasitisha kununua nyama yao mbichi.

Jiulize basi, ndugu yangu, hapo Urambo nani atakuchinjia mbuni kwa viwango vinavyokubalika, na ngozi utaipeleka kiwanda gani. Mbuni mkubwa ana uzito wa kilo 100 hadi 130, anahitaji eneo la kukimbia, uzio imara usio na miiba na mtu asiyemwogopa. Jike huanza kutaga akiwa na umri wa miaka miwili au mitatu. Vifaranga hufa kwa urahisi sana katika miezi mitatu ya kwanza, kwa baridi, kwa kumeza mawe na vipande vya waya, na mara nyingine kwa hofu tu. Mtu aliyezoea mkopo wa pembejeo unaokatwa wakati wa mauzo anajua uchungu wa kungoja mapato. Hapa utangoja muda mrefu zaidi, na hakuna chama cha msingi kitakachokusubiria.

Ushauri wangu ni kwamba uanze na kuku wa kienyeji na bata mzinga, ambao nyama yao ina mnunuzi Urambo na Tabora Mjini, na manyoya yao, yakioshwa na kupangwa, yanaweza kuuzwa kwa wapambaji kama nyongeza. Ukitaka ndege wa urembo, wapo tausi, ambao dume huangusha manyoya yake marefu ya mkia kila mwaka baada ya msimu wa kuzaliana, ukayaokota bila kumgusa. Lakini kwa hao pia nenda kaulize kuhusu kibali kwanza. Mbuni aje baadaye, kama atakuja.

*Mimi ni fundi cherehani wa Mwanga, Kigoma. Mteja ameniletea pepeo la bibi yake lenye manyoya ya mbuni, limejaa vumbi na nyuzi zimelala. Anataka nilitumie kwenye gauni la harusi, na litiwe rangi ya bluu. Naogopa kuliharibu.* (Fundi, Mwanga)

Una haki ya kuogopa, fundi, lakini unyoya wa mbuni ni mgumu kuliko unavyoonekana. Kabla ya yote, mwulize mteja limetoka wapi na kama ana karatasi yoyote, kwa sababu nilizozieleza hapo juu. Kisha fumua manyoya kutoka kwenye mpini mmoja mmoja, ukiandika namba ya kila moja, maana mpangilio wa urefu ndio unaolipa pepeo umbo lake. Kagua shina la kila unyoya: ukiona nyuzi zimekatika katika mstari mmoja au kuna unga mweupe, hao ni wadudu, na unyoya huo usiuchanganye na vitambaa vyako kabla hujausafisha.

Osha kwa maji ya uvuguvugu yenye sabuni laini kidogo. Usisugue, uvute unyoya katikati ya viganja kuanzia shinani kwenda nchani, na usuuze namna hiyo hiyo hadi maji yawe meupe. Ukiutoa utaonekana kama mkia wa panya aliyelowa, usishtuke. Kung'uta, kisha uutikise kivulini penye upepo, na nyuzi zitaanza kufunguka zenyewe. Zikiwa bado zimelala, upitishe juu ya mvuke wa birika kwa kitambo kidogo, ukiendelea kuutikisa. Mafundi wa zamani walipata ile mikunjo ya nchani kwa kupitisha makali ya kisu butu chini ya nyuzi chache chache, na njia hiyo bado inafanya kazi.

Kuhusu rangi, unyoya ni jamii moja na sufu na hariri, kwa hiyo rangi ya pamba unayotumia kwenye khanga haitashika vizuri. Tafuta rangi ya sufu, ambayo huhitaji siki kwenye maji, na usiyachemshe maji hadi yatokote. Unyoya mweupe uliogeuka manjano kwa uzee hautatoa bluu safi, utaelekea kijani, kwa hiyo kata nyuzi mbili tatu za chini kabisa karibu na shina, zisizoonekana, uzijaribu kwanza na umwonyeshe mteja kabla hujatumbukiza pepeo zima.